Maswali yenu: Huyu Mfilipino wa sinema za saa nane ni nani hasa?

Toleo lililopita msomaji wa Newala aliuliza muvi ndefu kuliko zote ni ipi, nikamtaja Lav Diaz wa Ufilipino kwa mstari mmoja nikaendelea na mambo mengine. Basi bana, meseji zimeingia mpaka mhariri kanipigia ananiuliza umewaandikia nini watu. Kwahiyo leo safu nzima ni ya huyo mtu mmoja, wa Bongo Movie mtanisamehe, zamu yenu toleo lijalo. Twende.

Njomba shikamoo. Ivi ile ya sinema ya saa kumi ni kweli au ulitupiga kamba? Nani anakaa saa zote hizo, na kula anakula saa ngapi? (Dereva boda, Magomeni, Mtwara)

Marahaba dereva. Sio kamba. Inaitwa Ebolusyon ng Isang Pamilyang Pilipino, ilitoka 2004, ni habari za familia moja ya wakulima masikini na inaenda saa kumi na ushee. Na wala haiko peke yake, kuna Melancholia ya 2008 saa saba na nusu, kuna Hele sa Hiwagang Hapis ya 2016 saa nane kamili na dakika zake juu, yani ukiiwasha basi linatoka stendi ya Mtwara alfajiri inakwisha mmeshavuka Daraja la Mkapa mnaitafuta Mbagala.

Kula watu wanakula. Hiyo ya saa nane ilipoonyeshwa tamasha la Berlin walianza asubuhi wakaweka mapumziko katikati watu wakatoka wakala wakarudi. Na mwenyewe hana ugomvi na mtu anayetoka nje kunyoosha miguu akarudi, hata ukipitiwa na usingizi hewala.

Jina kamili Lavrente Indico Diaz, kazaliwa tarehe 30 Desemba 1958 Datu Paglas, kisiwa cha Mindanao, kusini kabisa mwa Ufilipino, upande wenye Waislamu wengi, ambao watu wa Manila wakiutaja utadhani wanataja nchi nyingine (sisi wa kusini hii hadithi tunaijua). Wazazi wote walimu wa vijijini. Baba alikuwa mgonjwa wa vitabu vya Warusi na mgonjwa wa sinema pia, wikiendi anawakusanya wanawe wanaenda mji wa Tacurong wanaangalia muvi moja baada ya nyingine mpaka basi. Shika hapo kwenye vitabu vya Warusi mana vitarudi huko mbele.

Njomba habari za kazi. Mimi ni mpenzi wa tamthilia za Kifilipino, zile za mtoto kuibiwa hospitali na mama mkwe mwenye roho mbaya. Je ndo huyu anayezitengeneza? (Dada wa saluni, Masasi)

Nzuri dada. Hapana, huyu ni upande wa pili kabisa wa shilingi, kwake hakuna muziki wa kushtua wala kofi la kurudiwa mara tatu. Ila kuna kitu utakipenda. Mwaka 2016 alitoa filamu inaitwa Ang Babaeng Humayo, saa nne kasoro, nyeusi na nyeupe, na mhusika mkuu akampa Charo Santos-Concio. Huyu mama alikuwa bosi mkuu wa ABS-CBN, kampuni kubwa ya televisheni kule Manila, yani hizo tamthilia unazosukia nywele watu huku macho yako kwenye runinga nyingi zimetoka kwenye nyumba aliyokuwa anaiongoza yeye. Alishaacha kuigiza miaka mingi. Akarudi kwa hii.

Na stori yenyewe ukiisikia utasema mbona ni tamthilia tupu. Horacia ni mwalimu, kafungwa miaka 30 kwa mauaji ambayo hakuyafanya. Mwaka 1997 mfungwa mwenzake, rafiki yake kipenzi, anakiri kwamba yeye ndo aliua, tena alitumwa, na aliyemtuma ni mchumba wa zamani wa Horacia, tajiri. Mama anatoka. Mume keshakufa, mtoto mmoja hajulikani alipo. Anaenda kisiwa anachoishi yule tajiri, lengo ni kumuua.

Sasa hapo tamthilia ingekupa vipindi 80 vya kukimbizana. Huyu Lav anafanya nini, anamkalisha Horacia usiku barabarani na kibiongo mmoja anayeuza balut, ndo yale mayai ya bata ya kuchemsha yenye kifaranga ndani, kule wanayala kama sisi tunavyokula yai na kachumbari stendi, na wanaongea. Kamera imekaa mbali kidogo, haisogei. Taa ya barabarani, kikapu cha mayai, watu wawili wanaulizana habari za wale matajiri wa nyuma ya ukuta. Unajua ana bastola, unajua amekuja kufanya nini, na anamnunulia masikini chakula. Mimi pale nilishika kichwa. Anakuja pia Hollanda, aliyechezwa na John Lloyd Cruz, yule kaka wa filamu za mapenzi ambaye wasichana wa Manila walikuwa wanazimia, humu ni mtu aliyevaa gauni anaanguka kifafa barabarani na Horacia anamuokota anamuuguza. Mwisho sikuambii. Mbegu ya stori ilitoka kwa Tolstoy, Mrusi, nilikwambieni vitarudi.

Mkuu, mimi nina kamera na laptopu, nimeanza kushuti filamu kuhusu wavuvi. Msambazaji mmoja kaniambia inyooshe iwe patiwani na patituu ndo atanipa hela. Huyu jamaa hela alitoa wapi na skripti anaandikaje? Na mimi nataka niende saa sita. (Kijana wa kamera, Mtanda, Lindi)

Tulia kijana, swali lako ndo limenifanya nitoe safu nzima.

Kwanza usidhani alianza na saa kumi. Alipita kwenye magazeti, aliandika vichekesho vya kuchora, aliandika skripti za televisheni, miaka ya 80 akaingia warsha za filamu za Mowelfund pale Manila. Filamu yake ya kwanza, Serafin Geronimo, 1998, ni ya urefu wa kawaida na aliitengeneza chini ya Good Harvest, tawi la Regal, kampuni iliyokuwa inatoa filamu za bei chee ambazo picha inapigwa kwa kama wiki moja tu. Skripti mkononi, produsa anaangalia saa, siku ya saba vyombo vinarudi stoo. Kwahiyo mtu kama huyo msambazaji wako wa patiwani patituu Lav pia kakutana naye, ila wa kwake alikuwa anabana badala ya kunyoosha. Ugonjwa ni mmoja, muda wa stori unapangwa na mtu ambaye stori yenyewe hajaisoma.

Sambamba na hayo kulikuwa na hiyo Ebolusyon. Aliianza 1994 akiwa Marekani, New Jersey, kwa filamu ya milimita 16, ule ukanda unaonunuliwa kwa dakika na kusafishwa maabara kwa hela. Hela ikiisha anasimama, ikipatikana anaendelea, miaka ikaenda, waigizaji wakakua na kuzeeka mbele ya kamera kwelikweli bila mekapu, mtoto uliyemwona mwanzo baadae anakuwa kijana. Katikati ya safari kamera za dijitali zikaingia akazichukua, na nadhani hapo ndo maisha yake yalipobadilika. Dakika moja ya ukanda wa milimita 16 ni pesa. Dakika moja ya dijitali ni karibu na bure. Mtu ambaye miaka kumi kila sekunde ilikuwa inamkata mfukoni ghafla anaweza kuiacha kamera kwenye stendi yake, mtu atokee kule mwisho wa njia akiwa kama nukta, aje taratibu, tumwone uso, apite, atokomee, na kamera bado imekaa inaangalia njia tupu na miti inayumba. Shoti kama hizo ndo alama yake. Watu wanasema anajivuna, mimi naona ni mtu aliyelipwa deni lake la muda.

Skripti anaandika mwenyewe, na mara nyingi hakai akaimaliza kabla, anaandika kazi ikiendelea, waigizaji wanapewa kurasa za siku hiyo. Kuna filamu yake ya 2007, Kagadanan sa Banwaan ning mga Engkanto, saa tisa. Tarehe 30 Novemba 2006 kimbunga walichokiita Reming kilipiga mkoa wa Bicol, mvua ikashusha matope ya mlima wa volkano wa Mayon yakafukia vijiji, ni sehemu aliyokuwa ameshutia kazi nyingine muda si mrefu. Akarudi na kamera kurekodi tu hali, watu wanaeleza nani kafukiwa wapi. Halafu humo humo akaingiza mhusika wa kutunga, mshairi anayerudi kutoka Urusi anakuta kijiji chake hakipo, anatembea juu ya mchanga ambao chini yake kuna nyumba za watu. Wanaohojiwa ni wa kweli, mshairi ni wa uongo, wanakanyaga udongo mmoja.

Nikuulize, Mei 2024 kimbunga Hidaya kilipotukata barabara pale Somanga na kusini nzima ikakaa bila njia ya kwenda Dar, mabasi na malori yamepanga foleni, wewe kamera yako ilikuwa wapi? Usinijibu. Nasema tu kwamba pale palikuwa na filamu na haikuhitaji hela ya msambazaji.

Sasa hiyo ya saa sita, acha. Mwenzio alifika huko kwa sababu stori zake ni za miaka kumi kumi, watu wanazeeka ndani yake. Wewe wavuvi wako wanatoka usiku wanarudi asubuhi, hiyo inakaa vizuri dakika 40, hata 30. Cha kumuiga ni timu ndogo mnayoweza kuilisha, vifaa ambavyo ni vyako, kushuti sehemu unayoijua kila kichochoro, na kuandika usiku kutokana na ulichokiona mchana. Na huyo msambazaji mwambie hapana kwa adabu, kesho unaweza ukamhitaji.

Kijana wangu, nimefundisha historia maisha yangu yote. Mjukuu ananiambia huyo bwana katengeneza filamu ya Magellan. Huyo Magellan si alipita huku kwetu? Na kwanini sinema zake zote ni vita na udikteta? (Mwalimu mstaafu, Kilwa Masoko)

Shikamoo mwalimu. Umenishika pazuri, na ndio, Magellan alikuwa kijana tu kwenye ule msafara wa Wareno wa 1505 chini ya Francisco de Almeida, ambao Julai mwaka huo uliishambulia Kilwa, wakapora na kujenga ngome pale kisiwani. Miaka 16 baadae, tarehe 27 Aprili 1521, akauawa ufukweni Mactan huko Ufilipino na watu waliokataa kuinama. Filamu ya Lav inaitwa Magellan, ilionyeshwa Cannes 2025, ya rangi, mhusika mkuu ni Gael García Bernal wa Mexico, na haifiki hata saa tatu, kwa huyu jamaa hiyo ni kama tangazo la sabuni. Inaanzia Malacca, Malaysia ya leo, 1511, kwahiyo Kilwa hatumo mwalimu, tumerukwa kwa miaka sita. Nimeumia kidogo.

Udikteta ameuona kwa macho. Septemba 1972 rais Marcos wa Ufilipino alipotangaza utawala wa kijeshi Lav alikuwa na miaka 13, na kule Mindanao damu ilikuwa imeshaanza kumwagika hata kabla, Wakristo na Waislamu, wanamgambo, vijiji kuchomwa. Mula sa Kung Ano ang Noon ya 2014 inarudi kwenye hiyo miaka miwili ya mwisho kabla ya tangazo. Kijiji cha mbali. Ng'ombe wanakutwa wamekatwakatwa na hakuna anayejua nani kafanya. Nyumba zinaungua. Mgeni anaingia anauliza maswali mengi mno. Halafu siku moja wanajeshi wanatokea wanasema tumekuja kuwalinda. Inakwenda saa tano na nusu na zaidi, na kwa mara ya kwanza nikaelewa kwamba kijiji hakifi siku jeshi linapoingia, kinakuwa kimeshakufa kwa watu kuogopana.

Na ile ya saa nane ni ya mapinduzi dhidi ya Wahispania. Andres Bonifacio, kiongozi wa waasi, aliuawa Mei 1897 na wenzake wa mapinduzi hayo hayo, na mkewe Gregoria de Jesus akazunguka milimani kuutafuta mwili. Hakuupata. Filamu inamfuata yule mama msituni, inachanganya na wahusika wa riwaya ya José Rizal. Nilipoiangalia mawazo yalikuwa milima ya Matumbi, hapo hapo wilayani kwako mwalimu, Majimaji ilivyowaka 1905, na wajane wangapi walitembea hivohivo kutafuta miili baada ya Mjerumani kupita. Nani anawashutia hao? Saa nane zingetosha kweli?

Tuzo anazo au ni maneno tu? (Hakujitaja, Nanyumbu)

Anazo. Chui wa Dhahabu tamasha la Locarno 2014 kwa ile ya kijiji, halafu 2016 ndani ya mwaka mmoja Dubu wa Fedha Berlin kwa ile ya saa nane na Simba wa Dhahabu Venice kwa ile ya Horacia. Mbuga nzima iko kabatini kwake.

Nikitaka kumjaribu nianze na ipi, na isinimalizie bando. (Mama wa genge, Tandahimba)

Mama, anza na Norte, Hangganan ng Kasaysayan, ya 2013, ya rangi, saa nne na dakika 10, gawa siku mbili. Nakupa hiyo kwa sababu wewe wa Tandahimba kangomba unaijua, mtu anakuja kipindi cha njaa anakukopesha hela kidogo, korosho zikiiva magunia ni yake. Humo kuna mwanamke mkopeshaji wa namna hiyo, kausha damu haswa, familia ya Joaquin imeweka vitu rehani kwake mpaka wamekwisha. Kijana msomi wa sheria aliyeacha chuo, mdomo mwingi, falsafa nyingi, ambaye naye anadaiwa na huyo mwanamke, ndo anamuua. Anayefungwa maisha ni Joaquin. Ukisoma Dostoevsky utaona ametoka wapi, Mrusi tena.

Ila usimwangalie sana yule msomi. Mwangalie Eliza, mke wa Joaquin, anavyosukuma mkokoteni wa mboga na watoto. Hakuna anayemuonea huruma kwa muziki, anauza mchicha wake tu jua likizama, na kesho tena. Na stori imewekwa Ilocos Norte makusudi, ndo nyumbani kwa akina Marcos.

Mimi nimeiona hiyo Norte nikalala mara mbili. Huo ni uvivu wa kuediti mnauita sanaa. (Fundi redio, Nachingwea)

Fundi una haki yako na mimi sitakutukana. Kuna mahali na mimi nimechoka, kwenye Melancholia kuna matembezi ya msituni ambayo kama ningekuwa na mkasi ningekata, na zile za saa nne nazipenda kuliko za saa tisa, zimekaza. Ila uvivu hapana. Mvivu hashuti filamu moja miaka kumi. Uvivu ni ile muvi ya dakika 90 ambayo dakika 15 nzima ni gari linaingia getini, mlinzi anafungua, gari linapaki, mtu anashuka, anafunga mlango, anapanda ngazi, na huko juu hakuna kitu. Kwa Lav mtu akitembea dakika nne unajua anatoka wapi na anakwenda kufanya nini na unaogopa afike. Jaribu ya Horacia, ukilala tena niandikie, nitachapa jina lako kwa herufi kubwa.

Njomba, nina kibanda umiza Ruangwa, mechi za ligi zikiisha kibanda kinalala. Nikiweka huyo Mfilipino watakuja? Na sheria inasemaje? (Mwenye kibanda, Ruangwa)

Wa saa nane hawatakuja, usijidanganye, kiingilio utakachokusanya hakilipi hata umeme. Wa Horacia unaweza, Jumapili mchana, katisha katikati uuze chai na maandazi, na umtafute kijana mwenye sauti awasomee maneno ya chini kwa Kiswahili mana yanapita na wengine macho hayakimbii. Sheria ni kwamba filamu ya mtu huwezi kuonyesha kwa kiingilio bila ruhusa ya mwenye haki, na kuonyesha hadharani kunasimamiwa na Bodi ya Filamu, wao ndo wanapitia na kuweka daraja la umri, kwahiyo pita kwa afisa utamaduni wa halmashauri kabla hujabandika tangazo. Wenye haki wa filamu kama hizi huwa wanajibu barua pepe, waandikie ueleze ni kibanda cha watu wangapi na kiingilio shilingi ngapi. Ukipata jibu nitumie tuliweke hapa.